Hakuwa na nyota: kisa cha mwigizaji wa Uingereza aliyepata filamu ya kwanza akikaribia miaka 50

Kwa nini kisa hiki

Kila nikimaliza kusimulia kisa hiki darasani, haipiti dakika kabla mwanafunzi mmoja hajasema, "Mwalimu, huyu mama alikuwa na nyota tu." Wenzake huitikia. Ukiwaachia, atatokea wa pili na methali ya mvumilivu hula mbivu, daftari zitafungwa, na wote wataondoka wakiamini wamejifunza kitu.

Ukikisikia kwa kifupi utawaona wana haki. Mwanamke wa Kiingereza, ametalikiwa, ana watoto wawili, umri unakaribia 50. Ni msimu wa Krismasi, mwanzoni mwa miaka ya 1970, naye ni mwuzaji wa muda katika duka kubwa la vitu vya kuchezea katikati ya London. Anapigiwa simu. Kijana mmoja anaongoza filamu yake ya kwanza na anatafuta mama wa makamo. Mama anakwenda, anachukuliwa, na kwa karibu miaka 40 inayofuata hakosi kazi ya kuigiza hadi afya inapomwachisha.

Naona masimulizi hayo yanaficha karibu kila kitu ambacho mwanafunzi wa uigizaji angefaa kukijua, ndiyo maana nimekaa kukiandika kisa kizima. Jina lake nimeliacha, pamoja na majina ya watu aliofanya nao kazi na ya filamu zake. Pale ambapo mwaka kamili ungemtaja, nimetaja muongo. Nitamwita Bi. T.

Tukubaliane kwanza alikuwa mwigizaji wa namna gani. Sisi tuliosoma fasihi shuleni tulifundishwa kugawa wahusika wakuu na wahusika wadogo. Bi. T. alikuwa mtu wa wahusika wadogo: jirani, shangazi, mfanya usafi, mama mkwe, bibi aliyekaa kwenye kona. Watazamaji waliujua uso, jina hawakulijua. Ni yule mtu ambaye ukikutana naye sokoni unamwamkia kwa heshima zote, kisha unatembea hatua kumi ukijiuliza mlifahamiana wapi.

Usuli

Alizaliwa mwanzoni mwa miaka ya 1920 katika mji wa viwanda nje ya London. Mama yake alifariki kwa uzazi yeye akiwa na miaka miwili hivi. Baba alioa tena, akaondoka, na mawasiliano yakakatika. Mtoto akalelewa na bibi yake.

Nawaomba wasomaji wasiliruke hilo. Mtoto huyu alikaa miaka yake yote ya kukua ndani ya nyumba na mwanamke mzee. Alimwona akiamka, akivaa, akikaa kimya jioni. Na alipoanza kuigiza katika maonyesho ya mtaani, akiwa na miaka tisa hivi, mara nyingi nafasi aliyopewa ilikuwa ya bibi kizee. Watu walicheka kumwona mtoto amejikunyata. Hakuna aliyejua kwamba wanatazama kazi atakayoifanya akiwa na miaka 85.

Baada ya shule alijifunza ushonaji. Vita vya pili vya dunia vikaja, akaingia katika kikosi cha wanawake cha jeshi la majini, akafika hadi India. Vita vilipoisha alikuwa ameolewa. Akazaa watoto wawili, na mwishoni mwa miaka ya 1950 ndoa ikavunjika. Sheria ya Uingereza wakati ule ilidai kwamba atakayeomba talaka athibitishe kosa la mwenzake, kwa hiyo talaka ilibaki na harufu ya aibu hata kwa asiye na hatia. Mwanamke aliyeachika kwenye kitongoji cha watu wa heshima aliishi akipishwa njiani. Bi. T. alibaki na watoto, kodi na bili, akafanya kila kazi iliyopatikana, hata ya kiwanda cha mifuko ya plastiki.

Uigizaji haukukoma muda wote huo. Alikuwa akishiriki katika jumba dogo la maonyesho London, mara jukwaani, mara nyuma ya pazia. Baadaye akajiunga na kikundi cha jioni kilichoendeshwa na Mmarekani aliyehamia London, mtu aliyefuata mafundisho yaliyotokana na Stanislavski, mwalimu mashuhuri wa uigizaji wa Urusi, na aliyependa sana uigizaji wa papo kwa papo: waigizaji wawili chumbani, hawana skripti, wamepewa hali tu, kila mmoja anajua anachokitaka na hajui mwenzake atasema nini. Bi. T. alikwenda huko kwa miaka. Hakukuwa na mshahara wala watazamaji wa kawaida.

Milango ilivyokuwa

Sehemu hii nitaiandika kwa urefu, maana nyota na subira zote hufia hapa.

Mwigizaji wa Kiingereza wa kizazi chake alitarajiwa kupita njia moja. Anaanza na kundi la maonyesho la mji wa mkoani, na makundi mengi yalibadilisha mchezo kila wiki: usiku mnaigiza mchezo wa wiki hii, asubuhi mnafanya mazoezi ya mchezo wa wiki ijayo, na kichwani mnajaribu kuusahau wa wiki iliyopita. Malipo madogo, vyumba vya kupanga, masanduku kwenye garimoshi. Kijana asiye na mzigo aliweza. Mama mwenye watoto wawili wa shule angewaacha na nani? Na kufikia mwisho wa miaka ya 1950 makundi hayo yenyewe yalikuwa yanakufa, kwa sababu watu walianza kubaki nyumbani na runinga. ITV, runinga ya kibiashara, ilianza kurusha matangazo 1955, na tangu hapo jioni ya Mwingereza haikuwa tena ya jukwaa.

Kisha kulikuwa na kadi. Chama cha waigizaji, Equity, kilichoanzishwa 1930, kilikuwa kimefikia makubaliano na waajiri wengi kwamba kazi ziende kwa wanachama. Hupati kazi bila kadi, na kadi hupewi mpaka uwe umepata kazi. Kulikuwa na nafasi chache za waigizaji wapya katika makundi ya mikoani na katika burudani za aina nyingine, na watu walizigombea. Sikilaumu chama, kabla yake waigizaji walitapeliwa mno na mameneja waliokimbia na fedha za mlangoni. Lakini ukuta unaomlinda aliye ndani ni ukuta uleule kwa aliye nje. Mfumo huo ulidumu hadi sheria za ajira za 1988 na 1990 zilipouvunja.

Jambo la tatu wanafunzi wangu hawalitarajii kabisa. Ufundi aliokuwa akijifunza Bi. T. jioni ulikuwa, kwa kiasi kikubwa, hauuziki kisheria kwenye jukwaa la umma. Tangu karne ya 18 kila mchezo mpya wa kuigiza Uingereza ulipaswa kupelekwa kwanza kwa Lord Chamberlain, afisa wa kasri la mfalme, asome kila neno na kutoa kibali. Sasa, mchezo unaobuniwa papo kwa papo utaupelekaje kusomwa? Haupo kwenye karatasi. Kundi la mwongozaji Joan Littlewood, lililokuwa Stratford, mashariki ya London, lilifikishwa mahakamani na kutozwa faini mwaka 1958 kwa sababu waigizaji wake walisema jukwaani maneno ambayo hayakuwa kwenye skripti iliyopewa kibali. Ilibaki njia ya vilabu vya wanachama tu na vyumba vya mazoezi. Sheria ilifutwa Septemba 1968.

Hebu weka tarehe hizo sambamba. Sheria inafutwa 1968. Simu inalia dukani baada ya miaka kama miwili hivi. Wakati huohuo BBC, iliyokuwa na chaneli mbili tangu 1964, na ITV walikuwa wakishindania tamthilia za runinga zinazohusu watu wa kawaida: wapangaji, wafanyakazi wa viwandani, wanawake wanaosugua ngazi za wengine. Nyuso za shule za uigizaji za London hazikufaa kwa hizo. Hazikuwa zimechoka vya kutosha.

Mfuatano wa mambo

Mwongozaji kijana aliyempigia alikuwa na namna yake ya kufanya kazi, na ilikuwa mpya machoni pa wengi. Siku ya kwanza hakuleta skripti. Alikaa na kila mwigizaji peke yake, wakachagua mtu halisi ambaye mwigizaji amewahi kumjua, wakamjengea maisha mapya hatua kwa hatua: alizaliwa wapi, anaamka saa ngapi, anamwogopa nani. Baada ya wiki nyingi wahusika walikutanishwa na kuachwa waishi pamoja chumbani kwa saa nzima nzima. Yaliyozaliwa humo yalichujwa na kukazwa hadi yakawa tukio lenye maneno yake maalumu. Wanafunzi wengi huelewa vibaya hapa: ubunifu wa papo kwa papo ulifanyika kwenye mazoezi. Kamera ilipofika, kila mtu alijua atakachosema.

Kwa kazi hiyo alihitaji mwanamke wa makamo anayeweza kubuni. Wenye umri huo waliolelewa na mchezo-kila-wiki walikuwa wengi, lakini walikuwa na mazoea yao: sauti ya mzee, kikohozi cha mzee, mkono kiunoni, yote tayari kwenye begi kwa sababu wiki moja haitoshi kumtafuta mtu mpya. Waliozoea kukaa chumbani bila skripti walikuwa vijana. Bi. T. alikuwa na umri wa kundi la kwanza na ufundi wa kundi la pili. Watu kama yeye London nzima sidhani kama wangejaza basi.

Filamu ile ilikuwa ndogo, ya bajeti ndogo mno, na nafasi yake humo ilikuwa ya mama wa mhusika mwingine. Haikumpa umaarufu. Ilichompa ni kuonekana akifanya kazi, na mwongozaji yuleyule akamrudia. Miaka michache baadaye alimpa nafasi kuu katika tamthilia ya runinga ya BBC: mke wa mfanyakazi katika mji wa viwanda wa kaskazini, mwanamke anayesafisha nyumba ya familia yenye uwezo kisha anarudi kusafisha yake.

Huwa naonyesha darasani matukio mawili ya tamthilia hiyo. La kwanza, mume anaumwa bega na anataka kuchuliwa. Mke anamchua. Hakuna zaidi ya hapo. Lakini utazame mkono wake. Unakwenda kwa mwendo uleule wa mkono unaosugua sakafu, wala hauna chuki. Mtu anayefanya kazi ya kumi na mbili ya siku hiyo hana nguvu ya chuki. Mwigizaji mwingine angetupa jicho kwa kamera, angekunja mdomo ili tujue mateso yake. Bi. T. hatupi kitu. La pili liko karibu na mwisho: mwanamke huyohuyo anaungama kwa padri kwamba hawapendi watu inavyotosha. Amewatumikia wote tangu mwanzo wa mchezo, na dhambi aliyokuja nayo ndiyo hiyo. Kila mwaka darasa hunyamaza hapo, na kila mwaka nami husahau nilichopanga kusema baadaye.

Tamthilia ile ilipigwa kwa mkanda wa filamu, si wa video. Nalitaja hilo kwa sababu kazi nyingi za runinga ya Uingereza za miaka ile zilirekodiwa kwenye mikanda ya video ambayo ilikuwa ghali, basi mikanda ikafutwa ili itumike tena. BBC haikuwa na utaratibu wa kweli wa kuhifadhi hadi mwishoni mwa miaka ya 1970. Wakubwa walibaki kwenye magazeti hata mikanda ilipofutwa. Mwigizaji wa wahusika wadogo mkanda wake ukifutwa amefutwa na yeye.

Baada ya hapo kazi zikafuatana. Vichekesho vya runinga, tamthilia za mahakamani, filamu kubwa ambazo yeye yumo kwa dakika mbili. Katikati ya miaka ya 1980 akiwa na miaka zaidi ya 60 alicheza mama mkwe mzee katika filamu ya kuchekesha ya kipindi cha mgawo wa chakula baada ya vita, katika nyumba iliyofichwa nguruwe wa magendo, akapewa tuzo kubwa ya filamu ya nchi yake kwa mwigizaji msaidizi. Miaka ya 1990 akawa bibi wa kijijini anayepika vitu visivyolika katika kipindi cha vichekesho kilichopendwa sana. Kisha akawa bibi katika kipindi kingine ambamo familia nzima inakaa sebuleni ikitazama runinga, na karibu hakuna kingine kinachotokea. Hicho cha mwisho ndicho kilichomfanya ajulikane nchi nzima. Alikuwa anaelekea miaka 80.

Maamuzi na sababu zake

Naona aliamua mambo manne yenye uzito, na hakuna hata moja kati yake lililokuwa la kusubiri.

La kwanza ni kuendelea na mazoezi ya jioni wakati hakukuwa na dalili ya malipo. Wanafunzi hulisifu hili kama moyo wa chuma. Mimi nalitazama kwa upande wa hesabu za nyumbani. Mazoezi ya jioni ndiyo aina pekee ya uigizaji iliyoendana na watoto na kazi ya mchana. Njia ya makundi ya mikoani ilimtaka aondoke; ya jioni ilimruhusu alale kwake. Alichagua kilichowezekana, kisha akakifanya kwa bidii isiyo ya kawaida.

La pili ni kutolikataa jukwaa lolote. Aliwahi kuigiza katika kambi za likizo, zile ambazo familia za wafanyakazi huenda kukaa wiki moja majira ya joto, na burudani imo ndani ya bei. Aliyewahi kuigiza mbele ya watu ambao hawakulipa mahsusi kukuona ataelewa. Mtoto analia, mtu anainuka kwenda kununua soda, na mlango wa nyuma unapiga. Ukiweza kuwashika hao, studio haikutishi.

La tatu ni kukubali simu ile. Linaonekana jepesi, lakini kumbuka ni kazi ya msimu, Krismasi, duka limejaa, fedha za uhakika. Upande wa pili kuna kijana ambaye hajawahi kutengeneza filamu, hana skripti, na anataka wiki nyingi za mazoezi. Mwigizaji mwenye uzoefu wa kawaida angeuliza: nafasi yangu ina mistari mingapi? Swali hilo halikuwa na jibu, maana mistari ilikuwa haijazaliwa. Kwa Bi. T. halikuwa swali geni, kwa sababu hivyo ndivyo alivyokuwa akifanya kazi kila juma.

La nne ndilo ambalo naweza kubishana nalo: baada ya mlango kufunguka hakuchagua sana. Alikubali siku moja hapa, siku mbili kule, tangazo, sauti, bibi mwingine tena. Kwa mtu aliyekaa miaka 20 nje ni rahisi kuelewa. Na kulikuwa na busara ya kifedha pia, kwa sababu mikataba ya Equity inampa mwigizaji malipo kipindi kikirudiwa, na kwa mtu wa wahusika wadogo mrundikano wa malipo madogo ya marudio ndio unaokuwa kama pensheni. Lakini uamuzi huo ulikuwa na gharama, nami nitaifikia.

Matokeo

Alifanya kazi mfululizo hadi umri wa miaka 87, alipoacha baada ya kupata kiharusi. Alipokuwa amevuka 80 alionekana katika filamu kubwa ya Hollywood na kutoa sauti katika filamu ya katuni ya vinyago vya udongo. Alipewa nishani ya taifa. Alifariki akiwa na miaka 95, na magazeti makubwa ya Uingereza yalimwandikia taazia. Duka la vitu vya kuchezea halikukosa kutajwa.

Uchambuzi: kilichofaa

Kufungiwa nje kulimwokoa na mazoea. Sisemi kwamba kufungiwa ni jambo jema. Lakini ule mchezo-kila-wiki ulizalisha waigizaji wepesi wa kukariri, na wengi walibaki na mikoba ya hila. Yeye hakuwa na mkoba. Kamera ilipomsogelea karibu, hakukuwa na kitu cha kupunguza.

La pili linahusu umri, na hapa ndipo nawataka wanafunzi wa kike wakae mbele. Mwigizaji anayeajiriwa kwa uzuri wake hupungukiwa na nafasi kila mwaka. Ukumbi wa Kiingereza haukuwahi kuwa na nafasi nyingi kwa mwanamke wa makamo tangu enzi za Shakespeare, ambaye aliandika nafasi za kike zichezwe na wavulana na kwa hiyo akaziandika chache. Mchezo wake Hamlet, na msururu wake wote wa wanaume, una wanawake wawili tu wa maana: Gertrude na Ophelia. Bi. T. aliingia sokoni upande wa pili. Akiwa na miaka 50 na kitu alicheza wanawake waliomzidi umri. Akiwa na miaka 60 na kitu alicheza waliovuka 70. Kila mwaka uliopita ulimsogeza karibu na nafasi zake. Wenzake waliokuwa wazuri wakiwa na miaka 25 walikuwa wakizikimbia tarehe za kuzaliwa. Yeye alikuwa akizifuata.

Tatu, alimjua mtu anayemcheza. Njia ya yule mwongozaji ilimtaka mwigizaji alete mtu halisi anayemjua. Waigizaji vijana walihangaika kutafuta. Yeye alikuwa ameishi na bibi, amefanya kazi kiwandani na wanawake wa kila namna, ametengwa na majirani. Kila kazi ya mchana ambayo wengine wangeiita kupoteza muda ilikuwa ghala. Mkono ule unaochua bega haukutoka katika shule yoyote ya sanaa.

Uchambuzi: kilichokwama

Tuanze na ile gharama. Baada ya nafasi kuu katika tamthilia ya mfanya usafi, mtu angetarajia nafasi kuu nyingine za uzito huo. Hazikuja mara nyingi. Tasnia ilimwona kama bibi, kisha ikamwona kama bibi wa kuchekesha, na kwa kuwa alikubali, haikuwa na sababu ya kumwona vingine. Ukilinganisha kilichofanyika mbele ya padri na kilichofanyika katika vipindi vya bibi mwenye mapishi ya ajabu, unaona tasnia iliyokuwa na pishi la mchele ikawa inapika kikombe. Simlaumu yeye. Ila mwanafunzi anayenukuu kisa hiki kama ushindi mtupu hajazihesabu nafasi ambazo hazikuandikwa.

Mhusika mdogo hana ulinzi. Yule bibi wa kijijini aliuawa na waandishi kipindi kikiwa bado kinapaa. Kwa mhusika mkuu hilo lingejadiliwa na mawakala mezani. Wa pembeni hufa kwa sababu kifo chake kinafaa sehemu moja ya hadithi.

Upande wa taasisi, kilichoshindwa ni kitu kikubwa zaidi kuliko mtu mmoja. Sheria ya vibali, kadi ya chama na muundo wa makundi ya mikoani, kila kimoja kilikuwa na sababu zake, na vyote vitatu kwa pamoja viliweka ufundi wa mwanamke huyu nje ya soko kwa muda wa miaka kama 20. Hakuna aliyekusudia. Hakukuwa na afisa hata mmoja aliyeketi akamkataa Bi. T. Ndiyo maana methali ya subira hainipendezi hapa: inamtaka yeye aeleze kwa tabia yake jambo ambalo lilikuwa la kanuni. Angeweza kuwa mvumilivu vilevile na sheria isifutwe, na bibi yule wa sebuleni angechezwa na mtu mwingine.

Na kuna suala la chumba cha jioni. Bi. T. hakuwa peke yake mle. Kikundi kile kilikuwa na watu wengine waliotoka makazini, wakavua makoti, wakasukuma viti ukutani na kuanza kubuni. Mwongozaji alihitaji mama mmoja wa makamo. Wengine walirudi kwa basi lilelile wiki iliyofuata. Nikiwauliza wanafunzi tungejifunza nini kama tungekuwa na visa kumi kutoka chumba kile badala ya kimoja, yule aliyesema "nyota" kwa kawaida huwa wa kwanza kunyoosha mkono, na safari hii hutumia muda mrefu zaidi kabla ya kusema neno.

Huwa namalizia kwa kuwaonyesha kazi ya uzeeni, kipindi maalumu cha ile familia ya sebuleni, kilichorushwa alipokuwa anakaribia miaka 85. Bibi anaumwa na kitanda chake kimehamishiwa sebuleni. Binti yake anamtengeneza nywele. Bibi hana mengi ya kusema, na Bi. T. hajaribu kuyaongeza. Mtoto wa miaka tisa aliyekuwa akijikunyata jukwaani mtaani angelitambua tukio hilo mara moja.